Guka Faili na Pesilipu

(Masjala ya mahakama, Nakuru, Ijumaa jioni. Karani amefunga mlango, amekimbilia matatu ya Njoro. Rafuni amelala Faili mnene, kamba kiunoni. Mchana wa leo ameongezewa Pesilipu ya Novemba 2021, kielelezo cha saba. Muhuri anasinzia mezani.)

PESILIPU: Guka, sogea kidogo. Umenibana na hati ya kiapo.

FAILI: Zoea, mjukuu wangu. Hapa hatuhami, tunanenepa tu. Nililetwa nikiwa mwembamba kama wewe.

PESILIPU: Hii ndiyo Mahakama ya Ajira na Mahusiano ya Kazi?

FAILI: Ndiyo. Wazee bado wanaiita Mahakama ya Viwanda, utadhani Daktari wetu, mhadhiri aliyeleta kesi hii, alikuwa akifyatua matofali badala ya kufundisha takwimu. Haya, kwako umeandikwa nini?

PESILIPU: Mshahara kamili, hadi senti. Kodi imekatwa, bima imekatwa, Sacco imekatwa.

FAILI: Na benki ilifika ngapi?

PESILIPU: Kipande. Mwezi ule hata Egerton wahadhiri waligoma kwa sababu ya mishahara ya vipande, chuo kikafungwa. Lakini la mshahara si chungu kama la makato. Kwangu yamekatwa, Sacco hawajayaona. Wakamwandikia Daktari barua kwamba yeye ni mdaiwa sugu, wakawapigia simu wadhamini wake.

FAILI: Ndiyo maana umeletwa. Sheria ya Ajira ya 2007 inataka mshahara ulipwe wote, na kilichokatwa kipelekwe kinakostahili. Maneno hayo ninayo tumboni mara nne. Na Kifungu cha 41 cha Katiba, mara sita.

PESILIPU: Basi tutashinda!

FAILI: Tulishinda kitambo. Hukumu iko hapo nyuma yako, usiikalie. Ikafuatwa na ombi la kusitisha utekelezaji, halafu notisi ya rufaa, halafu barua kwamba mwajiri angelipa ila Hazina haijatuma. Hazina nayo ikasema imetuma, waulizwe wenye chuo. Kila karatasi ilipoingia, yule pale mezani aliamka.

MUHURI: Imepokelewa.

FAILI: Umesikia? Huyo hajawahi kumkatalia mtu.

PESILIPU: Lakini chama cha wahadhiri, UASU, si kiligoma nchi nzima?

FAILI: Kuanzia 17 Septemba 2025 hadi 5 Novemba. Siku 49. Ugomvi ulikuwa malimbikizo ya mkataba wa 2017 hadi 2021, mkataba uliokwisha kabla haujalipwa. Upande wa serikali ukasema deni lililobaki ni shilingi milioni 624. Wahadhiri wakasema bilioni 7.9.

PESILIPU: Guka, hiyo si tofauti ya kukosea koma.

FAILI: Nchi ina maprofesa wa hesabu wa kujaza uwanja wa Afraha, ila wote walikuwa kwenye mgomo. Mwishowe wakakubaliana bilioni 7.9, kwa mafungu mawili: Novemba 2025 na Julai 2026. Yaani kazi ya 2017, ujira wake 2026. Mtoto aliyezaliwa Daktari alipofanya kazi ile yuko shule ya msingi, na karo anadaiwa leo, si kwa mafungu.

PESILIPU: Afadhali umetaja watoto. Jumapili Daktari aliwapeleka wake kutembea kwenye kasri la Lord Egerton, kule Njoro.

FAILI: Yule Mzungu aliyeanzisha shule ya kilimo 1939, ya vijana wa Kizungu pekee?

PESILIPU: Huyo. Watoto wakahesabu vyumba, 52. Wakauliza mtu mmoja alikuwa akilala kipi. Kurudi nyumbani, vyumba viwili tu, wakakuta mlango umepigwa kufuli. Kodi ya miezi mitatu.

FAILI: Mwenye nyumba aliwasilisha ombi gani?

PESILIPU: Hakuna.

FAILI: Hati ya kiapo?

PESILIPU: Hakuna.

FAILI: Hata tarehe ya kutajwa?

PESILIPU: Alikuja na kufuli tu, Guka. Kufikia saa mbili usiku Daktari alikuwa amelipa, nusu Fuliza, nusu shemeji yake.

(Faili ananyamaza. Kamba yake inalia kidogo, kama mzee anayejinyoosha.)

FAILI: Siku moja tu! Mimi nina kurasa mia tatu na hukumu yenye sahihi ya jaji. Nikizaliwa tena, naomba nizaliwe kufuli.

MUHURI (usingizini): Imepokelewa.