Serikali ya Rais: Jinsi ya Kuitumia Ukiwa Maseno

Hongera. Iwe wewe ni mkazi wa Maseno, au ni msafiri aliyeshuka kupiga picha kwenye ikweta kabla ya kuendelea na safari ya Busia, tayari unamiliki serikali ya rais. Risiti huna, lakini unailipia kila ununuapo salio la simu. Wakenya wanayo tangu 12 Desemba 1964, na wengi wetu hatujawahi kusoma maelekezo yake. Ndiyo maana huwa tunaishika upande wa moto. Mwongozo huu utakusaidia kuitumia kama inavyotumiwa na kila mtu. Jinsi ilivyokusudiwa kutumiwa ni habari nyingine, nayo imefichwa katika Hatua ya 4.

Hatua ya 1: Jifunze maana yake, kisha uisahau

Serikali ya rais ni ile ambayo mkuu wa nchi na mkuu wa serikali ni mtu yuleyule. Huchaguliwa kwa kura za wananchi kwa muhula maalumu, na wabunge hawawezi kumwangusha kwa sababu tu wamemchoka. Wamarekani ndio walioibuni mwaka 1787. Uingereza wao wana mfalme wa kukata utepe na Waziri Mkuu wa kufanya kazi, na huyo wa kazi anaweza kufurushwa na Bunge kabla muhula haujaisha. Nasi tulikuwa hivyo kwa mwaka mmoja: Malkia Elizabeth akiwakilishwa na Gavana Mkuu, Kenyatta akiwa Waziri Mkuu. Mwaka ulipotimia, vyeo viwili vikawekwa kwenye kofia moja.

Majirani wana ya aina yao. Fuata barabara hii hadi Busia, vuka mpaka, na utakuta Uganda ina rais na Waziri Mkuu. Tanzania pia. Usidanganywe na idadi ya viti, maana Waziri Mkuu wa huko huteuliwa na rais. Sisi, kwa Katiba ya 2010, tuna rais asiye na Waziri Mkuu, mawaziri wasiopungua 14 wala kuzidi 22 ambao si wabunge, na sharti la ushindi: zaidi ya nusu ya kura zote, pamoja na angalau asilimia 25 katika zaidi ya nusu ya kaunti 47.

Umeelewa? Vizuri. Sasa usiyarudie hayo kwenye kibanda cha chai, utaulizwa unafanya mtihani lini. Kwa matumizi ya kila siku shika hili: rais ndiye serikali, na serikali ndiyo rais. Ukikuta barabara mbovu, ni yeye. Mvua ikikosa kunyesha, ni yeye pia, hadi atakapoelewana na mkubwa wenu, hapo litakuwa tatizo la tabianchi.

Hatua ya 2: Kipe kila kitu cha umma jina la mtu

Hapa Mzee Moi alituwekea kiwango. Mwaka 1979 wanafunzi wa shule za msingi walianza kupewa maziwa ya bure, katika zile pakiti za pembe tatu ambazo kizazi kizima hakijazisahau. Ng'ombe walikuwa wa wakulima, pesa zilikuwa za walipa kodi, na maziwa yalikuwa ya Nyayo, kaulimbiu ya Moi mwenyewe. Redioni taarifa ya habari ilifunguliwa na Mtukufu Rais, hata ikiwa alichofanya siku hiyo ni kwenda kanisani. Dunia nzima ilisubiri zamu yake baada ya ibada.

Ukidhani mambo hayo yalipita, toa noti mfukoni. Kifungu cha 231 cha Katiba kinasema noti na sarafu zisiwe na sura ya mtu yeyote. Noti mpya zilipozinduliwa 1 Juni 2019, Benki Kuu ilitii kikamilifu: iliweka picha ya jengo la KICC. Mbele ya jengo, kwa bahati, kuna sanamu ya Jomo Kenyatta ameketi. Waliolalamika mahakamani walishindwa. Kwa hiyo elewa: ile si picha ya mtu, ni picha ya jengo lenye mtu mbele yake. Serikali yenyewe ndivyo ilivyo.

Hatua ya 3: Pima umbali wako na meza

Wenyeji wa Maseno wana ujuzi wa pekee katika hatua hii. Jaramogi Oginga Odinga alisoma Shule ya Maseno, iliyoanzishwa na wamisionari mwaka 1906, na baadaye akarudi Maseno kufundisha. Ndiye aliyesimama mwaka 1958 na kusema kwamba Kenyatta, wakati huo kifungoni, ndiye kiongozi. Jamhuri ilipozaliwa akapewa umakamu wa rais. Maelekezo yanasema makamu ni msaidizi. Hayakufafanua kama msaidizi anaruhusiwa kuwa na maoni.

Jibu lilitolewa Limuru, Machi 1966. Chama cha KANU kiligundua ghafla kwamba kazi ya makamu mmoja wa rais wa chama yafaa kufanywa na watu wanane, mmoja kwa kila mkoa. Mwezi uliofuata Jaramogi alijiuzulu na kuongoza chama kipya cha upinzani, KPU. Tarehe 25 Oktoba 1969 Kenyatta alikuja Kisumu kufungua hospitali iliyojengwa kwa msaada wa Urusi. Wakubwa wawili walijibizana hadharani, umati ukachafuka, walinzi wakafyatua risasi. Watu waliuawa, watoto wakiwemo. Siku chache baadaye KPU ilipigwa marufuku, na Jaramogi akawekwa kizuizini.

Tangu hapo, watu wa ufuo huu wa Ziwa Viktoria hawahitaji kamusi. Serikali ya rais maana yake ni hii: rais akikununia, serikali nayo imekununia. Ndiyo sababu swali la maana hapa halijawahi kuwa "serikali inafanya nini?" bali "sisi tuko serikalini?" Raila Odinga, mwana wa Jaramogi, aliwania kiti cha rais mara tano, 1997, 2007, 2013, 2017 na 2022, na kila mara hesabu za barabara, maji na ajira za ufuo mzima zilikuwa zimefungwa ndani ya kura hiyo moja.

Kwa haki, ieleweke kwamba Maseno imewahi kuchangia rais. Barack Obama mkubwa alisoma shule hiyohiyo ya Jaramogi, na mwanawe akaapishwa 20 Januari 2009 katika nchi iliyobuni mfumo wenyewe. Mwai Kibaki alikuwa ametangaza 6 Novemba 2008 sikukuu ya taifa. Kwa mara ya kwanza, rais wetu alitupa likizo kwa sababu ya rais wa wenzetu, na sisi tukala samaki tukisema hatimaye tumeingia serikalini.

Hatua ya 4: Ukiwa na shida, usimtaje mhusika

Kamera ya televisheni ikifika, nyoosha shati, elekeza kidole kwenye shimo, na useme: "Tunaomba serikali iingilie kati." Sentensi hii imejengwa kwa ustadi mkubwa. Ina uchungu, ina heshima, na haina anwani. Hakuna ofisi hata moja itakayoamka asubuhi ikihisi imetajwa.

Jihadhari tu usije ukasoma Jedwali la Nne la Katiba, kwa sababu limeandika nani anadaiwa nini. Barabara kuu ya Kisumu–Busia ni ya serikali ya kitaifa. Polisi na mwalimu wa shule ya msingi ni wa huko pia. Chifu naye, aliyetakiwa kufanyiwa marekebisho baada ya 2010, yuko palepale na baraza lake chini ya mti. Lakini zahanati ni ya kaunti. Soko ni la kaunti. Chekechea, chuo cha ufundi cha kijijini, kichinjio, leseni ya baa, feri ya ziwani: kaunti, kaunti, kaunti. Hata leseni ya mbwa ni ya kaunti, imeandikwa waziwazi. Kwa hiyo mbwa wa jirani akikurarua suruali, mkataba wako ni na gavana. Rais hana habari naye, na akiwa nazo hana mamlaka.

Unaona hatari ya kusoma? Ukijua haya, utajikuta umeacha kumlaani mtu wa Nairobi na kuanza kumuuliza mwakilishi wadi, ambaye unamwamkia kila Jumapili na ambaye binamu yako alimpigia kampeni. Nani anataka vita vya aina hiyo? Mtu wa Nairobi ana faida moja kubwa: hamtakutana kwenye matanga.

Maseno kuna ugumu wa ziada. Kisumu inasema mji ni wake, Vihiga inasema mji ni wake, na kila upande una wazee wenye kumbukumbu kali za mahali mpaka ulipopita. Wanaogombea kuutawala ni wawili. Wanaogombea kuuletea maji bado tunawasubiri.

Hatua ya 5: Amini mgawanyo wa madaraka, lakini usiuguse

Utaambiwa rais ni mkono mmoja, Bunge ni wa pili, Mahakama ni wa tatu. Mgawanyo huo ni kama ikweta yetu: upo kisheria, umechorwa kwenye ramani, wageni hupiga picha wakiwa wameutanulia miguu, na ni nadra mtu kujikwaa juu yake. Nadra, si kamwe. Tarehe 1 Septemba 2017 Mahakama ya Juu ilifuta uchaguzi wa rais aliyekuwa madarakani. Tarehe 31 Machi 2022 mahakama hiyohiyo iliuzima mpango wa BBI wa kurekebisha Katiba, ingawa ulibebwa na rais na mkuu wa upinzani wakiwa wameshikana mikono. Wakubwa wote wawili walishangaa kukuta mstari mahali walipozoea kupita.

Hatua ya 6: Kiti kikiwa kimoja, muite fundi

Mfumo huu una kasoro moja ya kiwandani. Mshindi ni mmoja, walioshindwa ni mamilioni, na wote wana njaa kwa wakati mmoja. Badala ya kuurudisha kiwandani, sisi huongeza viti.

Baada ya damu iliyomwagika kufuatia uchaguzi wa 2007, mkataba wa 28 Februari 2008 ulimpa Raila uwaziri mkuu, na nchi ikapata serikali ya nusu mkate. Mkate ukagawanywa kwa rula hadi kwenye zulia jekundu. Rasimu ya katiba iliyofuata ilimbakisha Waziri Mkuu, lakini Januari 2010 wabunge walijifungia Naivasha wakarudi na rais peke yake. Wananchi waliipitisha 4 Agosti 2010. BBI ilitaka kumrudisha Waziri Mkuu, ikaishia mahakamani. Mwaka huohuo wa 2022 Rais Ruto akamteua Musalia Mudavadi, jirani yetu wa Vihiga, kuwa Mkuu wa Mawaziri, cheo ambacho Katiba haikijui lakini kina ofisi. Mwaka 2024 ikaja Serikali Jumuishi, John Mbadi wa ODM, chama cha Raila, akakabidhiwa Hazina na Opiyo Wandayi akapewa Kawi. Bila uchaguzi wowote, ufuo ukaamka serikalini, na vijana wa steji ya bodaboda wakaulizana kama mafuta sasa yatashuka.

Mifano ya matumizi sahihi

*Kabla ya maelewano:* "Hii serikali imeoza."

*Baada ya maelewano:* "Serikali inajitahidi, tuipe muda."

*Kwenye matanga, waziri anaposhuka garini:* "Serikali imefika." (Simama. Tenga kiti chenye kitambaa.)

*Kwenye steji, polisi wanapotokea na pikipiki yako haina bima:* "Serikali!" (Hapa neno linatosha peke yake. Kimbia.)

*Mbele ya mfadhili:* "Serikali ilitusahau."

*Mbele ya serikali:* "Serikali haijawahi kutusahau."

Maswali yaulizwayo mara kwa mara

*Je, naweza kuibadilisha kama haijanifaa?* Ndiyo, kila baada ya miaka mitano, Jumanne ya pili ya Agosti. Fika mapema na kitambulisho. Usitegemee kupata kifaa kipya. Mara nyingi hubadilishwa kasha.

*Rais akiharibika katikati ya muhula?* Tumia Kifungu cha 145. Inahitajika thuluthi mbili ya Bunge la Taifa, kisha thuluthi mbili ya Seneti. Kitufe hicho hakijawahi kubonyezwa dhidi ya rais. Kilijaribiwa kwa naibu, Rigathi Gachagua, Oktoba 2024, na kikafanya kazi kwa kasi ambayo raia hajawahi kuiona katika ofisi yoyote ya umma.

*Kwa nini nililipishwa sokoni na choo cha soko kimefungwa?* Swali zuri sana. Tunaomba serikali iingilie kati.

*Bidhaa hii ina dhamana?* Inayo, imo kwenye Kifungu cha 1: mamlaka yote ni ya wananchi. Dhamana hubatilika iwapo mwenye bidhaa ataonekana akimshangilia mtu anayemzindulia, kwa mara ya tatu, bomba lilelile lisilo na maji.