Egotaminini, Nini?

Kama kuna watu wasiojua kumpa mtoto jina, ni wanakemia. Sisi wengine, hata tukimwita mtoto Shida, Masika au Mwajuma, tuna sababu: mama alipata taabu, mvua zilikuwa zinanyesha, ilikuwa Ijumaa. Mwanakemia hana habari na mambo hayo. Anakaa maabara miaka na miaka, anapata unga mweupe usiojaza hata kijiko, halafu anauita egokriptini. Mtoto huyo akienda shule atachekwa.

Nayajua haya kwa sababu ya mpwa wangu, binti wa dada, anayesomea ufamasia. Amekuja kwangu Magomeni kwa mapumziko, lakini mapumziko ni yake, mimi sijayaona. Ana mtihani wa alkaloidi za egoti, na anasema kitu hakimwingii kichwani mpaka akisome kwa sauti. Kwa hiyo kuanzia magharibi anakaa sebuleni, anavuta pumzi, anaanza: "Egotamini, egotaminini. Egosini, egosinini. Egometrini, egometrinini."

"Nini?" nikauliza kutoka chumbani.

"Egometrinini, Mjomba."

"Ndiyo nakuuliza, nini?"

"Ndiyo hiyo hiyo, Mjomba. Egometrini-nini."

Mke wangu akatoka jikoni na mwiko mkononi kuja kuamua ugomvi.

Nikadhani mtoto anakula mate. Kumbe hapana. Hiyo "nini" ya mwisho ni ya kweli, wameiweka kwa makusudi, na iko vitabuni dunia nzima. Alinieleza kwa viganja. Alkaloidi hizi nyingi zimejengwa juu ya asidi lisejiki, iliyotolewa kwenye egoti huko New York mwaka 1934 na Jacobs na Craig. Ndani yake mna pete nne zilizoshikana, mifupa inayoitwa egolini, na kwenye mifupa hiyo kuna kaboni ya nane. Kinachoning'inia hapo kikielekea upande mmoja, una egotamini, yenye nguvu ya kubana mishipa ya damu. Kikigeuka upande wa pili, atomi ni zile zile, idadi ni ile ile, lakini nguvu karibu yote imekwenda. Hapo ndipo wanaongeza "ni" na kukuachia egotaminini.

Yaani dawa nzima imegeuka kiganja, na notisi uliyopewa ni silabi moja! Sheria ya barabarani ingeandikwa hivyo tungekuwa tumeisha.

Na usidhani zikishageuka zinatulia. Zinageuka na kurudi, hata zikiwa zimekaa tu kwenye unga au kwenye chupa. Ndiyo maana Umoja wa Ulaya, unapopima unga wa nafaka, hauhesabu zile zenye nguvu peke yake. Sheria inataka jumla ya alkaloidi 12, sita na "nini" zake sita. Nikamwambia mpwa hao ndio watu wenye akili, maana wamekubali kwamba hawawezi kuzitenganisha. Akasema Mjomba hujaelewa. Akaanza tena na egotamini.

Egoti yenyewe ni kuvu. Claviceps purpurea, ndivyo wanavyoiandika, na kipenzi chake ni rai, nafaka ya Ulaya iliyo ndugu na ngano. Inaingia kwenye ua, na pale palipotakiwa kuwa na punje panaota kitu cheusi, kirefu, kilichopinda kidogo. Wafaransa walipokitazama wakaona kipi cha jogoo, ule mwiba wa nyuma ya mguu, na jina likatoka hapo. Kwa hiyo nyumbani kwangu siku hizi mmoja anasema kipi na mwingine anajibu nini.

Waliokula mkate wa rai hiyo zama za kati hawakuwa na muda wa majina. Mishipa ilijibana hadi vidole na miguu vikakauka, vikawa vyeusi, vikakatika. Waliuita ugonjwa ule moto wa Mtakatifu Antoni, na mwishoni mwa karne ya 11 kukaanzishwa shirika la watawa wa jina hilo kuwatunza wagonjwa. Msiseme hayo ni ya Wazungu na mkate wao. Ethiopia, katika jimbo la Wollo, watu walipatwa na ugonjwa huo huo mwaka 1977 na 1978 kwa kula nafaka iliyochanganyika na oti-mwitu yenye egoti. Mtama wetu nao una egoti yake, Claviceps africana, inayotoa utomvu mtamu unaonata kwenye suke. Alkaloidi yake kuu inaitwa dihidroegosini. Mtama wa bibi yangu kijijini, mtu hajui hata kusoma, na juu yake pamekaa dihidroegosini!

Sasa sikilizeni kesi yenyewe, ndiyo iliyonipandisha presha.

Wakunga wa Ulaya walijua tangu kale kwamba egoti inasukuma uchungu wa kuzaa. Mwaka 1808 daktari wa Marekani, John Stearns, akaandika kuisifia kwamba inaharakisha mambo. Iliharakisha kweli. Haikuchagua, ilibana mfuko wa uzazi mtoto akiwa bado ndani, na mwaka 1824 David Hosack akaonya kwamba unga huo unastahili kuitwa unga wa mauti. Utumike kuzuia damu mtoto akishatoka, basi. Ushauri mzuri. Wakabaki wanatafuta ni kitu gani hasa ndani ya egoti kinachofanya kazi hiyo.

Mwaka 1906 Barger na Carr, Uingereza, wakatangaza egotoksini. Mwaka 1918 Arthur Stoll, Uswisi, akaipata egotamini. Kila mmoja akajua ameshika mwenyewe. Kisha mwaka 1932 kijana mmoja daktari wa uzazi London, John Chassar Moir, akawapa akina mama waliojifungua maji tu ya egoti, yale ya zamani ambayo wakubwa walishasema hayana kitu, kwa sababu egotoksini na egotamini haziyeyuki humo vizuri. Mfuko wa uzazi ukajikaza kuliko kwa dawa zote za wakubwa. Napenda sana sehemu hii. Mpwa ananiambia haitoki kwenye mtihani.

Basi kukawa na mbio. Mwaka 1935 kitu chenyewe kikapatikana, na kikapatikana mahali panne karibu kwa mpigo. London, Dudley na Moir wakakiita egometrini. Uswisi, Stoll na mwenzake wakakiita egobasini. Chicago, Kharasch na Legault wakakiita egotosini. Baltimore, Thompson akakiita egostetrini. Mtoto mmoja, wajomba wanne, na kila mjomba amekuja na jina na mbuzi wake. Ikabidi wabadilishane sampuli ndipo wakubali kwamba wote wameshika kitu kimoja.

Mtu mzima angefanya nini hapo? Angechagua jina moja katika manne, wengine wakapewa soda. Baraza la dawa la chama cha madaktari wa Marekani likakaa, likatafakari, likaona ili asionewe mtu litoe jina la tano: egonovini.

La tano!

Na likashika. Hadi leo Marekani ni egonovini, Uingereza na orodha za kimataifa ni egometrini, nasi tumefuata Uingereza. Ile egotoksini nayo, iliyokaa miaka zaidi ya thelathini ikijiita kitu kimoja, mwaka 1943 Stoll na Hofmann wakaonyesha kwamba ni mchanganyiko wa vitu vitatu: egokristini, egokornini na egokriptini. Baadaye egokriptini nayo ikagundulika ni mbili, alfa na beta. Sishangai tena. Siku moja wataniambia hata mpwa ni wawili, maana kelele za mmoja haziwezi kufika hadi msikitini.

Huyo Hofmann ni yule yule aliyetengeneza LSD kutoka kwenye asidi lisejiki mwaka 1938, akaionja mwenyewe Aprili 1943, robo ya miligramu, akarudi nyumbani kwa baiskeli dunia ikimcheza. Ukitaja egoti popote, kijana wa mjini atakuhadithia baiskeli hiyo kuanzia kanyagio hadi kengele. Hakuna kijana aliyewahi kunihadithia habari za Moir, wakati pengine mama yake aliyemzaa alichomwa sindano ya Moir. Ndiyo dunia tuliyonayo.

Jirani yangu ni muuguzi mkunga mstaafu, mtaa mzima tunamwita Bibi Nesi. Alikuwa amekuja kuomba chumvi, akasikia "egometrini" inasomwa sebuleni, akaketi. Chumvi ikasahaulika. Akasema zamani leba, mama akitokwa damu nyingi na mfuko haujikazi, ulikuwa unasikia tu "leta egometrini!" na mtu anakimbilia friji. Ni lazima ikae kwenye ubaridi, nyuzi 2 hadi 8, tena gizani, kwa sababu joto na mwanga vinaimaliza. Umeme ukikatika, alisema, yeye aliomboleza zile ampuli kabla ya kuulilia mchuzi wake nyumbani.

"Siku moja," akasema, "likaja boksi la msaada. Limeandikwa metilegonovini. Dada zamu akaligeuza, akasema hii siyo yetu, weka kando. Nikamwambia hii ni metilegometrini, mdogo wake egometrini, kazi moja. Akasema imeandikwa wapi? Haikuandikwa popote."

"Wakafanyaje?"

"Wakatafuta daktari saa nane usiku kumuuliza majina."

Mpwa akatikisa kichwa, akaandika pembeni ya daftari. Mimi nikamwambia Bibi Nesi kwamba hilo baraza la Marekani lingelipishwa hata nauli ya yule daktari. Akanijibu kwamba siku hizi mambo yamepoa kidogo, oksitosini ndiyo inayotangulia, na egometrini hawampi mama mwenye presha kwa sababu inaipandisha. Kisha akamgeukia mpwa akamuuliza, kwa ile sauti ya mkaguzi wa wodi, ni kwa nini isitolewe mtoto akiwa bado tumboni. Mpwa akajibu vizuri. Nikaona fahari, nikajikaza isionekane.

Ila kichwa kilikuwa kimeshaanza. Mimi nina kipandauso, upande wa kushoto, na kinapokuja hakipigi hodi. Nikafikiri: mungu akupe nini tena? Nyumba imejaa egotamini, na nilishamsikia mwenyewe akisoma kwamba egotamini ikichanganywa na kafeini hutibu kipandauso, kwa kubana ile mishipa. Nikamwita.

"Mwanangu, hebu iletee faida hiyo elimu. Niandikie hiyo egotamini."

Akafunga daftari. "Mjomba, una presha?"

"Unajua ninayo."

"Na ile dawa ya kifua uliyopewa wiki hii ni ipi?"

Nikamwonyesha boksi. Klarithromaisini. Akalisoma mbele na nyuma, akalirudisha mezani polepole. Akasema ini linalotakiwa kuivunja egotamini litakuwa limezibwa na klarithromaisini, egotamini itajaa mwilini, mishipa itajibana, na nitaupata moto wa Mtakatifu Antoni hapa hapa Magomeni. Akasema na ritonaviri, ile dawa ya virusi, ni vivyo hivyo. Bibi Nesi akaitikia, "Kabisa."

"Sasa nipewe ipi?"

"Panadoli, Mjomba. Na maji mengi. Ukalale."

"Nitalalaje, na wewe unasoma?"

"Hizi nimemaliza, Mjomba," akasema, akifungua ukurasa mpya. "Zimebaki za dihidro tu."