Naomba Kupimiwa Hisia

Kwa Mkuu wa Ofisi ya Ramani za Ndoto,
Popote ilipo.

YAH: MAOMBI YA KUPIMIWA HISIA ZA WAKAZI WA IHUMWA

Mbukwenyi, Mheshimiwa.

Tafadhali husika na kichwa cha habari hapo juu.

Juzi niliota nchi ambayo ardhi yake inafuata mioyo ya watu. Wakifurahi kwa pamoja, kilima kinainuka. Wakiogopa, bonde linadidimia. Wakichoka kungoja, vumbi linapanda mpaka jua linakuwa jekundu. Nikaamka, nikatoka na kopo langu la maji kunawa uso, nikatazama upande wa barabara ya Morogoro. Mheshimiwa, sikuwa nimeota. Nilikuwa nimetoka tu nje.

Maana huku kwetu Dodoma kila hisia ya taifa imeacha alama ardhini. Mwaka 1971 wakubwa walipoingiwa na hofu ya ukame na njaa, ikaja Operesheni Dodoma, na tembe zilizokuwa zimetawanyika zikabaki magofu. Mgogo akapangwa kwenye mstari wa kijiji. Mwaka 1973 TANU ikapata furaha: makao makuu yanahamia Dodoma, tena ndani ya miaka 10. Ikaundwa CDA, mamlaka ya kuujenga mji huo. Mwaka 1976 kampuni ya Toronto, watu wa theluji na ziwa, ikatuchorea mji sisi tunaoiona mvua Desemba na kuiaga Aprili. Sitaisema vibaya ramani ile. Haikutaka mabarabara ya kujionyesha. Ilitaka mitaa midogo, miti, na mtu afike kazini kwa miguu au kwa basi. Ningependa kuishi humo.

Kisha ikaja shaka, na shaka ni nzito kuliko zege. Wakubwa waliweka mguu mmoja huku, mwingine wakauacha Dar es Salaam penye upepo wa bahari. Miaka 10 ikaisha, ikaisha mingine 10. Bunge lilipokuja, mji ulivimba. Lilipoahirishwa, mji ulisinyaa, na bei ya chumba cha wageni ilijua ratiba ya vikao kuliko baadhi ya wabunge. Inasimuliwa kwamba jina Dodoma linatokana na neno la Kigogo la kuzama, kwa ajili ya tembo aliyenasa matopeni. Kwa hiyo tulikuwa na uzoefu na vitu vikubwa vinavyozama.

Julai 2016 Rais Magufuli akatamka kwamba Serikali inahama kweli, na usiku ule ule ardhi ikapata homa. Shamba la uwele lililala shamba, likaamka kiwanja. Madalali walichipua bila mvua. Mwaka 2017 CDA ikavunjwa, mwaka 2018 Dodoma ikawa jiji, na mji wa Serikali ukaanza kuinuka hapa jirani. Mwanzoni magazeti yaliutaja kwa jina letu, Ihumwa. Baadaye ukaitwa Mtumba. Sina ugomvi na jirani zangu wa Mtumba, lakini naomba iingie kwenye kumbukumbu kwamba ile furaha sisi tuliipata kama mtumba wenyewe: imeshavaliwa na wengine, nasi tumeachiwa tutafute kipimo.

Sasa nije kwenye ombi.

Mwaka mmoja vijana watatu wenye vizibao vya kung'aa waliingia shambani kwangu, wakachimbia kigingi cha zege katikati ya mtama. Nikawakaribisha maji, nikauliza wametoka ofisi gani. Wakasema, "Mzee, sisi tumetumwa." Wakanywa, wakashukuru, wakaondoka. Kigingi kipo. Aliyewatuma simjui hadi leo. Mtama hauoti pale, ila mbuzi wamepapenda kujikunia.

Tangu siku hiyo, Mheshimiwa, sipandi mti. Jirani yangu hajapaka nyumba chokaa, maana ukutani ana X nyekundu na hajui kama inamaanisha kubomolewa leo au mwaka kesho. Mwingine choo chake kimetitia. Hachimbi kingine, anasema asije akachimbia fidia ya mtu. Mjane wa chini ya mbuyu ana matofali ya kutosha vyumba viwili. Ameyafunika kwa nailoni, na nailoni imechanika mara mbili. Ukipita na gari lenye vioo vyeusi utadhani sisi ni wavivu. Si uvivu. Ni mandhari ya kungoja, tena imechongwa kwa uangalifu mkubwa.

Kwa kanuni za ofisi yako mwenyewe, kuna kosa katika vipimo. Fahari ya taifa imetoa barabara ya mzunguko ya kilomita 112.3, ambayo haikutusahau, na tangu 2024 imetoa treni ya umeme inayofika Dodoma kabla abiria hajamaliza karanga zake. Vizuri. Lakini kama hisia ndizo zinazoumba ardhi, subira ya wanawake wanaopanga ndoo za maji alfajiri ingeshainua mlima katikati ya Ihumwa, na reli ingelazimika kupinda. Mlima huo siuoni. Ama mashine yenu ya kupimia haisomi subira, ama subira yetu imeandikishwa kwenye kata nyingine.

Naomba aje mpimaji. Asije na kamba. Aje alale siku tatu, ale ugali wa uwele kwa mlenda, aoge maji ya ndoo moja, kisha alete kigingi chake nasi tutamwonyesha pa kukichimbia. Mbuzi wakikiidhinisha, mimi nitasaini.

Naomba kuwasilisha.

Wako katika ujenzi wa ndoto ya taifa,
Mkazi wa Ihumwa, kiwanja kisicho na namba.

Nakala:
Mwenyekiti wa Mtaa, aione akipata muda.
Mjane wa chini ya mbuyu, kwa ajili ya kuziba nailoni.