Jinsi ya Kumaliza Msimu wa Raga Bila Kufungwa Pointi Hata Moja

Mwaka 1901 timu ya Chuo Kikuu cha Michigan, kule Marekani, ilicheza mechi 11 za ule mpira wao wa kubebwa mkononi. Ilipata pointi 550, ikafungwa sufuri. Mechi ya mwisho, Januari 1, 1902, iliitandika Stanford 49 bila. Wewe kapteni wa raga katika chuo cha Meru au Embu usishtuke. Sufuri hiyo hata huku inapatikana.

Mechi zako za ugenini zipange Aprili, masika yakiwa yamekolea. Udongo mwekundu wa huku ukishika kiatu haukiachi. Winga wako mwenye mbio atakwenda kama mzee anayetoka kanisani, na wa wapinzani vilevile.

Basi liombe wiki tatu mapema. Masurufu yataidhinishwa Ijumaa jioni, mhasibu akiwa ameshafunga ofisi na kushika njia ya nyumbani, basi mchange. Kutoka Embu hadi Nchiru, kwenye chuo cha Meru, mtapita Runyenjes, Chuka, Chogoria na Nkubu, na kabla ya kuingia Meru mjini mtavuka ikweta. Michigan walisafiri kwa treni hadi California na bado wakabaki kaskazini mwa dunia. Nyinyi, kwa nauli ya kuchanga, mmehama nusu moja ya dunia kwenda nyingine kabla ya chakula cha mchana. Liandike hilo kwenye ripoti.

Basi likianza kuteremkia daraja la Nithi, kelele zitakatika. Yule propu aliyekuwa akiongoza nyimbo za matusi tangu Runyenjes atashika kiti cha mbele yake kwa mikono miwili, macho dirishani. Msimcheke, nanyi mmeshika. Likishapanda ng'ambo ya pili, ataendelea na ubeti uleule alipouachia.

Uwanja wenye nyasi nzuri usiuwazie sana. Uwanja wa Kinoru pale Meru uliandaa Sikukuu ya Madaraka mwaka 2018, na uwanja wa Moi pale Embu ukapata zamu yake 2023. Kwa hiyo ukitaka nyasi, mwalike Rais kwanza. Akikosa nafasi, chezeni palepale chuoni, ng'ombe wakishaondolewa.

Na mkiwa Nchiru msibishane na refa. Huko ndiko kwenye makao ya Njuri Ncheke, baraza la wazee wa Kimeru, na faini za wazee hulipwa kwa mifugo. Kadi nyekundu ni nafuu.

Kuhusu usalama, Wamarekani walishatufundisha. Mwaka 1905 vijana wapatao 18 walikufa kwa ule mpira wao wa kubebwa mkononi, na Rais Roosevelt akawaita Ikulu watu wa Harvard, Yale na Princeton wazungumzie ukatili uliokuwa uwanjani. Mwaka uliofuata kanuni zikabadilishwa, pasi ya kwenda mbele ikaruhusiwa. Katika raga pasi hiyo ni kosa hadi leo, ila kila timu ya huku ina kijana mmoja anayeyatekeleza mageuzi ya 1906 kila Jumamosi, refa apulize asipulize.

Sasa ile sufuri. Kumbuka kwamba wapinzani nao wana mhasibu. Fika uwanjani saa nne asubuhi na watu wako 15, wamevaa, wamepasha mwili. Subirini. Mtazameni refa akitazama saa. Muda wa kanuni ukiisha, atakunja karatasi juu ya paja, atasaini, na mtakuwa mmepata ushindi wa mezani bila kufungwa hata pointi moja. Ugumu uko kwenye hao 15. Siku ambayo mkopo wa HELB umeingia watakuja 9.

Sisi tunaanza Jumamosi hii. Propu wetu bado hana viatu, anavaa namba 11. Mwenye navyo atuletee, hata kama ni cha mguu wa kulia peke yake.