Nguo Isiyo na Pindo

Sijui nani aliamua kwamba mtoto wa miaka mitano anahitaji suruali ya kago yenye mifuko sita. Anaweka nini humo? Hana simu, hana funguo, hana deni. Mimi mwenye madeni nina mifuko miwili, na mmoja umetoboka.

Zamani nguo mpya ya mtoto ilikuwa ya Krismasi, na ilinunuliwa kwa kuangalia mbali. Fundi aliambiwa aache pindo la kutosha, kisha kila Januari mama anafumua kidogo. Sweta ilifika magotini mwaka wa kwanza, ikakaa sawa wa pili, wa tatu ikarithiwa na mdogo wako, utake usitake.

Siku hizi, hapa kwetu mtaa wa Pioneer, Eldoret, nguo inambana mtoto tangu siku ya kwanza. Muuzaji ananiambia, "Baba, hii ni ya Turkey, inavutika." Inavutika kweli, lakini kwa upana, na wangu anarefuka. Nikiulizia saizi kubwa kidogo, kitinda mimba wangu ananitazama kwa huruma. "Dadi, hiyo si ovasaizi. Hiyo ni kubwa tu." Kumbe ovasaizi ni fulana iliyokatwa makusudi mabega yashuke hadi viwikoni, na kadiri mabega yanavyoshuka ndivyo bei inavyopanda. Mama yangu alituvisha hizo miaka yote, tukachekwa shule nzima.

Kimbilio letu lilikuwa mitumba. Serikali ilipoizuia isiingie nchini Machi 2020 kwa sababu ya korona, hadi Agosti, miguu ya watoto haikusikia marufuku, iliendelea kukua. Soko likafunguliwa tena, lakini likawa limeerevuka. Kamera za watoto, yaani mitumba iliyo bora kabisa, huchaguliwa alfajiri, zikafuliwa, zikapigwa pasi na picha, na jioni nazikuta kwenye simu ya mama watoto kwa bei mara tatu. Sisi wa saa nne tunaachiwa fagia, yaani masalio, na makoti ya theluji. Koti nalinunua, maana mji huu uko zaidi ya mita 2,000 juu ya bahari na Julai yake haina utani. Mtoto halivai. Litaficha fulana.

Kinachoniuma zaidi ni kwamba Eldoret ni mji wa viwanda vya nguo. Rivatex ilianguka, Chuo Kikuu cha Moi kikainunua 2007, Rais Uhuru Kenyatta akaizindua upya 2019. Ken-Knit inafuma sweta hapa hapa. Lakini fungua kabati la wanangu usome lebo: Uturuki, Uchina, Uturuki, Bangladesh. Kilichofumwa nyumbani ni sweta ya shule, na hiyo huvaliwa kwa vitisho.

Shule nazo zimeingia kwenye mitindo. Jumatano trakisuti, Ijumaa fulana yenye nembo, na nembo hiyo inapatikana duka moja tu, ambalo mwalimu analijua kwa jina, mtaa na saa za kufungua. Wizara ya Elimu hukemea jambo hilo, nasi wazazi tunasikiliza makaripio hayo redioni tukiwa kwenye foleni ya duka lenyewe. Mwisho wa mwaka mtoto wa chekechea, PP2, anafuzu kwa joho na kofia ya pembe nne. Mimi joho nilivaa nikiwa na ndevu, tena la kukodi.

Sasa mama watoto ameagiza nguo za kufanana za picha ya Desemba, familia nzima rangi ya maziwa. Nimeuliza tutakaa wapi na vumbi hili la Desemba. Amesema watoto watakaa mbele, yeye katikati, na mimi nisimame nyuma kabisa, maana saizi yangu ilikuwa imekwisha. Nitaonekana kichwa tu.