Yah: Maombi ya Leseni ya Kangomba ya Nyumba

Kwa Mheshimiwa Gavana,
Benki Kuu ya Tanzania.

Husika na kichwa cha barua hapo juu.

Mimi ni mwalimu wa hisabati wa sekondari hapa Newala. Nasimamia mikorosho ya mjomba wangu, na nina mshahara ambao makato yake nayajua kwa majina. Naomba leseni ya kufanya biashara ya kangomba.

Kabla hujampigia simu Mkuu wa Wilaya, niseme mapema kwamba kangomba ya korosho, ile ya kumnunulia mkulima zao kabla ya mavuno, najua ni kosa na sina haja nayo. Ninayoiomba ni ya nyumba. Nimeichunguza nikaona inaendeshwa mchana kweupe, ndani ya kiyoyozi, na mlinzi akikufungulia mlango kwa heshima, chini ya usimamizi wa ofisi yako. Sioni kwa nini mwalimu mwenye kikokotoo chake anyimwe nafasi.

Wasaidizi wako wa Dodoma huenda hawajawahi kukaa huku juu uwandani mwezi wa tatu, wakati fedha za korosho zimekwisha, chakula cha ndani kinapimwa kwa bakuli, na mkorosho una majani tu. Hapo ndipo mtu wa kangomba anapokuja. Ana pikipiki, fedha taslimu na daftari lililokunjwa katikati. Mwenye mgonjwa wa kupeleka hospitali ya Ndanda anamwita pembeni. "Chukua laki mbili hii," anaambiwa, "Oktoba nitafuata gunia mbili." Gunia tulihesabu kilo 80. Kwa bei ya mwaka 2018, shilingi 3,300 kwa kilo, gunia mbili ni shilingi 528,000. Kwa miezi saba, huo ni unyang'anyi, na Serikali haikukosea kuukataza. Mwaka 2018, Rais Magufuli alipozikataa bei za wanunuzi, akaagiza korosho inunuliwe kwa hiyo 3,300 na jeshi liisombe, wahakiki walipita vijijini wakiuliza wenye mizigo mikubwa: shamba lako liko wapi? Waliokosa shamba la kuonyesha walihesabiwa watu wa kangomba, na fedha zao zikakwama.

Siwatetei. Lakini yule mtu ana adabu moja ambayo nimeitafuta kwingine nikaikosa: anataja jumla. Gunia mbili. Mkulima asiyejua kusoma anaondoka pale akijua atakachotoa Oktoba, anaweza kwenda kulia na mkewe usiku huohuo, na akitaka anarudisha laki mbili asubuhi.

Sasa niruhusu nikupeleke Masasi.

Niliteremka kwenda benki moja, jina tuliache, kuulizia mkopo wa nyumba wa shilingi milioni 50. Nilimkuta kijana nadhifu, afisa mikopo, fulana yake imeandikwa kifuani kwamba ndoto yangu inawezekana. Alinikaribisha maji ya chupa. Akaniuliza mshahara, akaniuliza umri, nikamwambia thelathini na tano, akatabasamu. Akabonyeza kompyuta, akachukua kikaratasi cha njano chenye gundi, akaandika namba moja, akaipigia mstari chini mara mbili, akakisogeza kwangu kwa kidole: 733,400. "Hiyo tu, Mwalimu. Kwa mwezi. Miaka ishirini, riba asilimia 17."

Nikamuuliza jumla yake ni shilingi ngapi.

"Jumla ya nini?"

Ya vyote, kuanzia mwezi wa kwanza hadi wa mwisho.

Akacheka kwa upole. "Mwalimu, ukianza kujumlisha hivyo hutajenga."

Mheshimiwa, nilijumlisha. Ndiyo kazi niliyosomeshwa na Serikali. Shilingi 733,400 mara miezi 240 ni shilingi 176,016,000. Nyumba ni moja, ileile ya vyumba vitatu. Ninanunua moja, ninalipia tatu na nusu. Kwa bei ile ya 2018, ninakopa gunia 189 za korosho na kurudisha 667. Na siwezi kusema nilikutana na benki yenye roho mbaya, kwa sababu taarifa za ofisi yako kuhusu soko la mikopo ya nyumba zimekuwa zikitaja riba ya kati ya asilimia 15 na 19. Yangu iko katikati kabisa. Inasemekana ni nafuu kubwa, maana mwaka 2010 ilikuwa 22 hadi 24.

Lakini jumla si kitu kilichonikosesha usingizi. Nilikoseshwa usingizi na mwezi wa kwanza. Asilimia 17 ya milioni 50, ukiigawa kwa miezi kumi na miwili, ni shilingi 708,333. Hiyo ni riba. Katika 733,400 nitakazokatwa, zinazogusa deni lenyewe ni shilingi 25,067. Nimewapa kidato cha tatu swali hilo bila kusema ni la nani, na msichana mmoja wa nyuma akauliza kama mkopaji huyo alikuwa mgonjwa. Baada ya miaka mitano nitakuwa nimelipa milioni 44, na deni litakuwa limeshuka kutoka milioni 50 hadi 47 na laki sita na ushee. Baada ya miaka kumi nimelipa milioni 88, deni ni milioni 42. Nusu ya deni itatimia mwaka wa kumi na saba. Nikipata ajali ya maisha mwaka wa sita, nikashindwa, nyumba ikapigwa mnada, zile milioni 44 na zaidi hakuna atakayeziulizia. Zilikuwa pango.

Yule kijana aliponiona nimenyamaza alinionea huruma kweli. "Basi tukuvute hadi miaka 25, upumue. Ndiyo utakuwa unastaafu." Nikarudi kwenye kikokotoo. Rejesho linashuka hadi kama 718,900. Pumzi yangu, Mheshimiwa, ni shilingi 14,500 kwa mwezi. Bei ya pumzi hiyo ni miezi sitini ya ziada, yaani karibu shilingi milioni 40. Nikageuza upande wa pili: kama ningejibana nikalipa kwa miaka kumi, rejesho lingekuwa kama 869,000, ongezeko la 135,600 tu, na jumla ingeshuka hadi milioni 104. Milioni 72 zinaokolewa kwa kujinyima laki moja na elfu thelathini na tano na ushee kwa mwezi. Hesabu hii inachukua dakika tatu. Kwenye kikaratasi cha njano haikuwa na nafasi.

Najua wachumi wako watasema shilingi ya mwaka wa ishirini si shilingi ya leo. Ni kweli, na nimewatendea haki. Nikichukua mfumuko wa bei wa asilimia 4 kila mwaka, juu kidogo ya ule mnaojivunia siku hizi, malipo yangu yote yana thamani ya milioni 121 za leo. Bado ni karibu nyumba mbili na nusu. Watasema pia mshahara utapanda. Huo nitauamini nikiuona.

Watasema tena kwamba fedha ni ghali, na hapo nawaunga mkono. Serikali yenyewe ilipouza hati fungani ya miaka 25 kwa mara ya kwanza mwaka 2021 iliahidi asilimia 15.95. Benki iliyoweza kuikopesha Hazina kwa kiwango hicho na kulala usingizi ingenikopesha mimi wa Newala kwa kumi na mbili kwa sababu gani? Kwa sababu nafundisha vizuri? Ninyi mlipoanza kutangaza Riba ya Benki Kuu Januari 2024 mlisema asilimia 5.5, tukapiga makofi huku tukidhani itatufikia. Kampuni ya TMRC iliundwa mwaka 2010 iwape mabenki fedha za muda mrefu, na pamoja na hayo yote mikopo ya nyumba nchini haijafika hata asilimia moja ya pato la taifa. Wazee wa hapa wanaikumbuka Benki ya Nyumba, iliyozaliwa 1973 na kufa 1995. Wanaitaja kwa sauti ileile wanayotajia jamaa aliyekufa akiwa na madeni ya watu.

Juu ya marejesho kuna mthamini wa kulipwa, mwanasheria wa kulipwa, usajili wa rehani, ada ya kushughulikia maombi ambayo hairudi hata maombi yakikataliwa, bima ya maisha yangu, bima ya nyumba dhidi ya moto. Kuna pia kile kipengele kwamba riba "inaweza kubadilika kulingana na hali ya soko". Nimesoma mkataba wote. Sehemu ya mwenzi wangu kusaini ipo, na ni sheria nzuri. Sehemu ya mjomba haipo. Huku kwetu, kwa Wamakonde na Wamakua, ukoo ni wa upande wa mama, na mali inayokwenda mnadani bila mjomba kuulizwa huleta kikao ambacho hakuna bima inayokikinga. Lakini hilo ni letu, tutalimaliza wenyewe.

Halafu kuna suala la miezi. Mkulima wa korosho hapa hupata fedha Oktoba hadi Januari, mnada ukienda vizuri na chama cha msingi kikilipa. Mei hadi Julai anatoa: palizi, salfa, vibarua wa kupuliza. Benki inataka mara kumi na mbili, kwa vipande vilivyo sawa. Ndiyo maana kwenye foleni ile tulikuwa walimu, wauguzi na askari tu, watu wenye mshahara wa kukatwa hadi ibaki theluthi. Mwenye ekari ishirini za mikorosho hakuwepo. Aliambiwa alete hati.

Hapo namkumbuka Mzee Mkapa, mtoto wa Lupaso, Masasi hiihii. Sheria za Ardhi za 1999 zilipita yeye akiwa Ikulu, na MKURABITA, mpango wa kurasimisha mali za wanyonge, ikaanza 2004, akaletwa mchumi wa Peru, Hernando de Soto, kutueleza kwamba sisi maskini tumekalia mtaji uliokufa na hati ndiyo itakayoufufua. Wapo waliopata hati za kimila. Wengine wamezitia kwenye mfuko wa nailoni juu ya dari, maana walipozipeleka benki waliulizwa kama wana mshahara.

Kwa hiyo tunajenga tulivyozoea. Pita barabara ya Newala kwenda Tandahimba uone. Msimu huu msingi, msimu ujao kozi hadi lenta, mwaka bei ikianguka nyasi zinaota sebuleni na mbuzi wanahamia, mwaka bei ikipanda bati zinang'aa hadi Msumbiji wanaona. Wataalamu wa fedha wanaliita hilo jengo lililokwama. Mimi naliita jengo lisilodaiwa. Lina hasara zake, sikatai: miaka kumi unalipa kodi ya chumba huku tofali zako zinanyeshewa, saruji inapanda bei unaiangalia, na wengi hufa kabla ya madirisha. Nyumba ya mkopo unaingia ukiwa na nguvu za kuifurahia. Mtu mwenye rejesho analolimudu na miaka michache ningemshauri akope. Ninachokataa ni kununua kitu ambacho bei yake haitajwi.

Sasa masharti ya leseni yangu. Nitakopesha walimu wenzangu kwa kuanzia. Nitawatajia kiasi cha mwezi peke yake, kwa karatasi ya njano. Miaka ya mwanzo nitachukua faida kwanza na deni nitalipapasa tu. Nitajiachia haki ya kubadilisha bei katikati, na wao haki ya kushangaa. Anayelalamika nitamwongezea muda apumue. Jumla sitaitaja kamwe, maana sitaki kuwavunja watu moyo wasijenge. Nadhani nimekidhi viwango.

Kikwazo kimoja nimekiona mwenyewe. Mwaka 2019 ofisi yako ilitoa kanuni za kumlinda mtumiaji wa huduma za fedha, na zinataka mteja aelezwe gharama za anachokopa kwa uwazi na kwa lugha anayoielewa. Nilimtajia yule kijana kanuni hizo. Aliniambia gharama zote zipo kwenye mkataba, na kweli zipo, zimetawanywa kwa ustadi, asilimia huku, ada kule, jedwali la marejesho "utapewa baada ya kusaini".

Iwapo kanuni hizo zitaninyima leseni, nina ombi mbadala, na hili halina gharama. Waagize mabenki waandike juu kabisa ya ukurasa wa kwanza, kabla ya nembo na kabla ya ndoto yangu kuwezekana, mstari mmoja tu wenye herufi za ukubwa wa jina la benki. Kwa huku uwandani wauandike kwa gunia, ili na mjomba aelewe. Nimewatungia mfano, wautumie bure: "Mwalimu, unakopa gunia 189. Utarudisha 667, na bei ya korosho ikianguka ni zaidi. Nusu ya deni utaifikia mwaka wa kumi na saba. Saini hapa."

Nategemea ushirikiano wako.

Mwombaji,
Mwalimu wa hisabati, Newala.

Nakala: Afisa mikopo, Masasi, pamoja na kikaratasi chake cha njano, ambacho nimekijazia nyuma.