Hakuna Mjapani Humu: Japanese Breakfast kutoka namba 9 hadi namba 1

Zipo bendi za sherehe na zipo bendi za matanga. Japanese Breakfast, bendi ya pop ya Michelle Zauner, mtunzi na mwimbaji kutoka Marekani, inazimudu shughuli zote mbili, mara nyingine ndani ya wimbo mmoja. Hapa nimeipanga safari yake kwa uzito wa moyo wangu, si kwa tarehe. Mwenye kubisha na aandae orodha yake, nitaisoma yote. Tunaanzia mkiani.

9. Jina lenyewe

Tuhesabu pamoja. Zauner alizaliwa Seoul mwaka 1989, mama Mkorea, baba Mmarekani, akalelewa Eugene, mji wa jimbo la Oregon. Wajapani wangapi hapo? Sufuri. Jina alilitoa kwenye picha ya mlo wa asubuhi wa Kijapani aliyoiona mtandaoni. Akaona Wamarekani watapata hamu ya kuuliza. Waliuliza kweli, na kwa zaidi ya miaka kumi hajamaliza kuwajibu. Nalipenda kwa sababu hiyohiyo: anayekuja kuuliza habari za chakula anaondoka na wimbo kichwani.

8. Gitaa la dola 100

Mama yake alimnunulia gitaa la Yamaha la dola 100 kutoka Costco, akitumaini ni upepo tu, utapita. Pole, mama. Binti alianza kupanda majukwaa ya Eugene angali sekondari, akijiita Little Girl, Big Spoon. Kwanza kijiko, baadaye kifungua kinywa: huyu hajawahi kwenda mbali na meza ya chakula!

Shujaa wake siku hizo alikuwa Karen O wa Yeah Yeah Yeahs, ambaye naye mama yake ni Mkorea. Zauner ameandika kwamba kumwona kulimpa nguvu, kisha kukamtia hofu: ikiwa nafasi ya msichana wa sura hii kwenye roki ni moja, si imeshachukuliwa? Ningependa kumwambia yule binti wa Eugene kwamba leo kuna wasichana wanaoshika gitaa kwa sababu yake yeye, na hakuna hata mmoja aliyeambiwa ukumbi umejaa.

7. Upatu

Kwenye ziara ya albamu ya Jubilee alisimamisha jukwaani upatu mkubwa uliopambwa kwa maua, akawa anaupiga kwenye wimbo "Paprika". Kila bendi duniani inunue upatu. Tuendelee.

6. Wimbo mmoja kila siku

Alihitimu Bryn Mawr College mwaka 2011, akabaki Philadelphia, akawa anafanya kazi mgahawani na kupiga roki ya makelele na bendi ya Little Big League. Wakatoa albamu mbili, 2013 na 2014, na kuzunguka kwenye kumbi ndogondogo. Bendi nzuri, haikutajirisha mtu. Ila Juni 2013, pembeni, alijipa sharti la kutunga na kurekodi wimbo mmoja kila siku kwa mwezi mzima, na kuuachia mbichi ulivyo. Kuna watu hawamalizi dozi ya siku saba. Katika nyimbo hizo za haraka ndimo Japanese Breakfast ilimoanza kupata sura.

5. Huzuni iliyoingia studio kubwa

Machi 2025 ilitoka albamu ya nne, yenye jina refu linaloanza na For Melancholy Brunettes. Albamu za awali zilifanyiwa kazi popote palipopatikana nafasi. Safari hii waliingia Sound City, studio yenye historia ndefu huko Los Angeles, mtayarishaji akiwa Blake Mills. Na kwenye "Men in Bars", wimbo wa kupokezana, nani anaitikia? Jeff Bridges, mwigizaji mwenyewe, kwa sauti nzito ya mtu ambaye mwenye baa hamwulizi tena anakunywa nini.

Kabla albamu haijatoka, Zauner alikaa Seoul mwaka mzima akijifunza lugha ya mama yake. Nasema wazi: ni albamu ya polepole. Ukiisikiliza mara moja huku unafua nguo, itakupita. Ipe mara tatu, umekaa.

4. Mwanamke na roboti

Soft Sounds from Another Planet, 2017, ilianza kama mpango wa hadithi ya kisayansi ya kuimbwa: mwanamke anampenda roboti. Mpango ukafa, akabakiza "Machinist", wimbo ambao sauti yake imepitishwa kwenye mitambo, na saksofoni inaingia mwishoni bila kubisha hodi. Roboti kakataa posa, sisi tumepata wimbo. Biashara nzuri.

Ila lulu ya albamu hiyo ni "Diving Woman", zaidi ya dakika sita, unaowatazama wanawake wa kisiwa cha Jeju wanaozamia baharini bila mtungi wa hewa kutafuta konokono wa baharini na mwani. Besi inazunguka palepale, ngoma hazina haraka, gitaa linapanda na kushuka. Mpiga ngoma Craig Hendrix ndiye pia aliyetayarisha albamu pamoja naye, na hapa unasikia faida ya mpiga ngoma kukaa kwenye meza ya maamuzi: hakuna aliyethubutu kuukata wimbo kabla haujamaliza pumzi.

3. Vazi la harusi la mama

Kwenye video ya "Everybody Wants to Love You" ya mwaka 2016, Zauner anazunguka usiku wa Philadelphia, baa na barabarani, amevaa hanbok, vazi la Kikorea ambalo marehemu mama yake alilivaa siku ya harusi. Wapo watakaoshtuka: nguo ya marehemu, baa? Mimi naona kinyume. Nguo hiyo ingekunjwa sandukuni ingekuwa imezikwa mara ya pili. Yeye ameitoa, akaitembeza, akaionyesha mji anaoupenda.

Tangu hapo ameongoza video zake nyingi mwenyewe. Katika "Savage Good Boy" alimweka Michael Imperioli wa The Sopranos, na katika "Be Sweet" yeye na Marisa Dabice wa bendi ya Mannequin Pussy ni wapelelezi wanaofukuzia viumbe wa angani. Mtu akikwambia wanamuziki wa huzuni hawana mzaha, mwonyeshe hiyo.

2. Mwaka 2021, mwaka wa kujaza kapu

Aprili, kitabu. Juni, albamu. Septemba, muziki wa mchezo wa kompyuta. Jamani, hata mwezi wa kufulia tu?

Kitabu ni Crying in H Mart, kumbukumbu za kumuuguza mama, kumzika, na kumtafuta tena kupitia chakula kwenye maduka ya H Mart, yanayouza bidhaa za Kikorea. Kilikua kutokana na insha aliyoichapisha kwenye jarida la The New Yorker mwaka 2018, na kikakaa kwenye orodha ya vitabu vinavyouzwa zaidi ya New York Times kwa zaidi ya mwaka. Mchezo ni Sable, na ndani yake nyimbo 32.

Albamu ni Jubilee, nami hapa naomba nafasi. Baada ya albamu mbili na kitabu kizima cha msiba, alitangaza kwamba sasa anataka kuandika furaha. Furaha ya aina hiyo haiji kwa bahati; mtu anaiamua. Tazama jalada: amevaa njano, amezungukwa na matunda ya pasimoni yanayoning'inia. Tunda hilo likiwa gumu huweza kukukausha ulimi. Wakorea hulitundika likauke taratibu mpaka ligeuke utamu. "Be Sweet" aliutunga na Jack Tatum wa Wild Nothing kwa nia ya kumpa msanii mwingine, kisha akaung'ang'ania. Alifanya vyema. Tungemdai.

Grammy wakamteua mara mbili, moja ikiwa ya Msanii Mpya Bora. Mpya, kwenye albamu ya tatu! Hakushinda hata moja, na Mei 2022 alikuwa kwenye jukwaa la Saturday Night Live akiimba kama aliyeshinda zote.

1. Albamu ya kuaga

Mwaka 2014 mama yake akapatikana na saratani. Michelle, miaka 25, akaacha mambo ya Philadelphia akarudi Eugene kumuuguza. Yeye na Peter Bradley, anayepiga gitaa kwenye bendi, walifunga ndoa haraka ili mama aione. Wiki chache baadaye, Oktoba, mama akafariki.

Akabaki kule nyumbani na baba yake, na kwenye kibanda kilichokuwa kwenye kiwanja cha familia akarekodi Psychopomp. Jalada ni picha ya mama akiwa kijana, ananyoosha mkono kuelekea kamera. Ndani, kwenye kipande chenye jina la albamu, mnasikika sauti yenyewe ya mama. Kwake hiyo ilikuwa kazi ya mwisho: alihamia New York, akaajiriwa kwenye kampuni ya matangazo, muziki akauweka kando.

Albamu ikatoka Aprili 2016 kupitia lebo ndogo ya Yellow K, na watu wakakataa kuagwa. Ikaja ziara ya kumfungulia Mitski, ikaja lebo ya Dead Oceans, kazi ya ofisini ikaisha. Ziara ya Asia iliyofuata ilimalizikia Seoul, na ukumbini alikuwepo mama yake mkubwa, dada wa marehemu.

Ndiyo maana iko namba moja mbele ya Jubilee iliyong'aa zaidi. Psychopomp haifiki nusu saa. Anza na wimbo wa kwanza, "In Heaven", usiruke hata mmoja mpaka mwisho, ndipo uweke Jubilee. Zilizobaki zipange utakavyo.